Maswali ya Wasomaji: Emmy, Kuanzia Fomu hadi Jukwaani

Barua za toleo hili zote zinahusu Emmy, tuzo kuu za televisheni za Marekani. Wengi mmeuliza kwa nini fulani kashinda na fulani kakosa. Tutajibu, ila tuseme mapema: ukifika usiku wa hafla, ng'ombe ameshaliwa, umebaki mkia. Mengi huamuliwa kati ya Mei na Agosti, kwenye fomu na kura asizoziona mtazamaji.

Nilitazama msimu wa kwanza wa The Bear katikati ya mwaka 2022. Nikashangaa kuuona ukishinda Januari 2024, wakati msimu wa pili ulishatoka zamani. Walikosea hesabu?
*Mtazamaji wa usiku*

Hawakukosea. Mwaka wa Emmy hauanzi Januari. Unaanza tarehe 1 Juni na kuisha tarehe 31 Mei ya mwaka unaofuata. The Bear ilitoka tarehe 23 Juni 2022, wiki tatu baada ya dirisha kufungwa, kwa hiyo ikahesabiwa kwenye mzunguko wa 2022 hadi 2023. Hafla ya mzunguko huo ilipangwa kufanyika Septemba 2023, lakini waandishi na waigizaji wa Hollywood walikuwa kwenye mgomo, ikasogezwa hadi tarehe 15 Januari 2024. Msimu wa pili, uliotoka Juni 2023, ukasubiri hafla ya Septemba 2024. Ndiyo maana mwaka huo mmoja ulikuwa na hafla mbili, ya 75 na ya 76.

Mwaka ukiwa wa kawaida, mambo huenda hivi: Juni wanachama hupiga kura za uteuzi, Julai majina hutangazwa, Agosti hupigwa kura ya mwisho, Septemba hafla. Ukitaka kujua kazi unayoipenda itashindania mwaka gani, angalia siku iliporushwa kwa mara ya kwanza, si siku ulipoitazama wewe. Watayarishaji wanalijua hili vizuri, na ndiyo sababu Aprili na Mei tamthilia nzito hutoka kwa kufululizana: zinatakiwa ziwe bado zinazungumzwa wapiga kura wanapofungua karatasi zao Juni.

Ni nani hasa anayepiga kura? Rafiki yangu anashikilia kwamba ni watazamaji kwa simu.
*Mbishi wa kijiweni*

Mtazamaji hana kura kwenye Emmy. Wapiga kura ni wanachama wa Akademi ya Televisheni ya Los Angeles, chombo kilichoanzishwa mwaka 1946, na wote ni watu wa kazi: waigizaji, waandishi, wahariri wa picha, mafundi wa sauti, wabunifu wa mavazi. Ni zaidi ya 20,000, wamegawanywa kwenye makundi ya taaluma. Kwenye hatua ya uteuzi kila kundi huteua la kwake. Waigizaji huteua waigizaji, waongozaji huteua waongozaji. Tuzo za kazi nzima, kama drama bora au vichekesho bora, huamuliwa na wanachama wote.

Idadi ya wateule nayo haikadiriwi tu. Kipengele kilichopokea maombi 20 hadi 80 hupata wateule watano. 81 hadi 160, sita. 161 hadi 240, saba. Zaidi ya hapo, wanane. Drama na vichekesho bora vina wateule wanane daima. Kwa hiyo mwaka ambao waigizaji wengi wamejiandikisha, nafasi huongezeka, na mwaka wenye kazi chache hupungua. Mtu anaweza kukosa uteuzi kwa sababu tu maombi ya kipengele chake yameishia 80 badala ya 81.

Kuna badiliko moja ambalo wengi hawalitilii maanani. Zamani mshindi aliamuliwa na majopo madogo ya watu waliojitolea kukaa na kutazama sehemu zilizowasilishwa. Kuanzia 2015 kura ya mwisho ilifunguliwa kwa wanachama wote wa kundi husika, kwa mtandao. Mwaka 2016 wakaacha pia kupanga wateule kwa nafasi: sasa unaweka alama kwa mmoja tu. Piga hesabu. Kwenye kipengele chenye wateule wanane, kura zikisambaa sawasawa, asilimia 13 inatosha kumpa mtu ushindi. Kuwa chaguo la pili la kila mtu hakukusaidii kitu.

Kwa maoni yetu, majopo yalikuwa yakimpa nafasi mwigizaji mwenye sehemu moja kali kwenye kazi ambayo haikutazamwa na wengi. Mfumo wa sasa unaipendelea kazi ambayo kila mwanachama ameshaitazama nyumbani kwake, na matokeo yake ni kazi moja kuzoa meza nzima. Mwaka 2020 Schitt's Creek ilichukua tuzo zote saba za vichekesho zilizotolewa kwenye usiku mkuu.

Kuna wanaoogopa kwamba wateule wawili au watatu wa kazi moja watagawana kura na kuangushana. Hutokea, lakini si kanuni. Kwenye hafla ya 75, Succession ilikuwa na watu watatu katika kipengele cha mwigizaji mkuu wa kiume wa drama: Brian Cox, Jeremy Strong na Kieran Culkin. Culkin akashinda.

Nani anaamua kwamba hiki ni vichekesho na kile ni drama? Mimi The Bear hainichekeshi hata kidogo.
*Mama wa wawili*

Mama, hauko peke yako. Anayeamua kwanza ni mtayarishaji, pale anapojaza fomu. Akademi ina haki ya kuhoji, ila neno la kwanza ni lake.

Mwaka 2015 walijaribu kutumia saa ya ukutani: sehemu za dakika 30 au pungufu ni vichekesho, zaidi ya hapo ni drama, na asiyeridhika apeleke ombi kwa jopo. Kanuni hiyo ilizaa jambo la ajabu. Uzo Aduba alishinda mwaka 2014 kama mwigizaji mgeni wa vichekesho kwa uhusika wake kwenye Orange Is the New Black. Tamthilia ikahamishiwa drama, na mwaka 2015 akashinda tena, uhusika uleule, safari hii kama mwigizaji msaidizi wa drama. Kabla yake aliyewahi kushinda pande zote mbili kwa uhusika mmoja alikuwa Ed Asner, kwa Lou Grant. Baadaye kanuni ya dakika ikaondolewa.

Mpaka wenye utata zaidi ni ule kati ya drama na hadithi inayoisha ndani ya msimu mmoja. Hadithi ya msimu mmoja lazima ifunge masimulizi yake, iwe na sehemu mbili au zaidi, na jumla yake isipungue dakika 150. Ukiirudisha na wahusika walewale, umeshatoka huko. The White Lotus ilishindana mwaka 2022 kama hadithi ya msimu mmoja. Msimu wa pili ukamrudisha mhusika wa Jennifer Coolidge, basi ikahamia drama. Coolidge alishinda pande zote mbili.

Na Shōgun? Ilitengenezwa kama hadithi ya msimu mmoja. Mei 2024, siku chache kabla ya dirisha kufungwa, zikatangazwa habari za kuendelea na misimu mingine, ikaingia drama. Septemba hiyo ilikusanya tuzo 18, nyingi kuliko kazi yoyote iliyowahi kupata kwa msimu mmoja. Hatusemi isingeshinda kule kwingine. Tunasema kwamba uamuzi wa kipengele ndio uliopanga nani atakutana na nani, na ulifanyika kwenye karatasi, si jukwaani.

Sheria tunayoiona nzuri ingekuwa kipengele cha kazi zinazochanganya kicheko na uchungu, maana ndiyo televisheni inayotengenezwa sasa. Haipo. Mpaka itakapokuwepo, mtayarishaji ataendelea kuchagua mlango wenye msongamano mdogo.

Mwigizaji mgeni na mwigizaji msaidizi wanatofautianaje?
*Mwanafunzi wa uigizaji*

Hesabu sehemu. Mgeni ni aliyeonekana kwenye pungufu ya nusu ya sehemu za msimu. Msimu una sehemu kumi, ameonekana nne: anaweza kuomba ugeni. Ameonekana tano: hawezi tena, aende kwa wasaidizi au wakuu. Uzito wa uhusika hauangaliwi.

Kwenye filamu za televisheni na hadithi za msimu mmoja hakuna ugeni, kwa hiyo msaidizi lazima awe ameonekana kwa angalau asilimia 5 ya muda wote wa kazi. Chanzo cha kanuni hiyo ni aibu ya mwaka 2006. Ellen Burstyn, mwigizaji mkubwa asiye na deni kwa mtu, aliteuliwa kwa filamu ya Mrs. Harris ambamo alionekana kwa sekunde 14. Ilikuwa wazi kwamba wapo walioliona jina kwenye orodha wakaliwekea alama bila kuitazama filamu. Kwa filamu ya dakika 100, asilimia 5 ni dakika tano nzima.

Jambo jingine kwako mwanafunzi: mwigizaji akishateuliwa huwasilisha sehemu moja ya msimu iwe kielelezo cha kazi yake. Kuichagua kunataka akili. Wengi hukimbilia sehemu ya kulia na kupiga kelele. Mara nyingi inayofaa ni ile ambayo mtu asiyeijua tamthilia anaielewa kuanzia dakika ya kwanza, na ambamo mwigizaji anabadilika mbele ya macho yetu: anaingia akiwa hivi, anatoka akiwa vile. Sehemu inayotegemea mambo yaliyopita misimu miwili nyuma inamwacha mpiga kura gizani.

Mbona mafundi wa sauti na wasusi hatuwaoni wakipewa tuzo?
*Fundi mitambo*

Wanapewa, ila kwenye hafla nyingine. Vipengele vyote ni zaidi ya 100, na usiku mkuu wa saa tatu unabeba robo tu. Vilivyobaki hutolewa wikiendi iliyotangulia, kwa usiku miwili, kwenye hafla za sanaa za ubunifu. Kati ya tuzo 18 za Shōgun, 14 zilitolewa huko.

Kwa anayetaka kujifunza kazi, orodha ya washindi wa wikiendi hiyo ndiyo ya kusoma kwa kalamu mkononi. Vipengele vimechambuliwa kitaalamu. Uhariri wa sauti ni tuzo moja, uchanganyaji wa sauti ni nyingine. Mhariri ndiye anayetafuta na kutengeneza kila mlio: hatua kwenye changarawe, bawaba ya mlango, upanga ukitoka alani. Mchanganyaji hupokea milio hiyo pamoja na muziki na maneno ya waigizaji, akapanga kipi kipande na kipi kishuke ili neno lisimezwe. Vipodozi vya kawaida vimetengwa na vile vya kubandika ngozi bandia. Nywele za kazi za leo zimetengwa na nywele za kazi za kihistoria. Itazame kazi iliyoshinda uchanganyaji wa sauti ukiwa umefumba macho kwa dakika tano, utaelewa kilichotuzwa.

Ile sanamu ni dhahabu tupu? Na mshindi akiishiwa anaweza kuiuza?
*Mfanyabiashara*

Si dhahabu tupu. Mwili ni wa metali mbalimbali, zikiwemo shaba na nikeli, juu yake ikapakwa dhahabu. Ina urefu wa sentimita 39 na uzito wa kilo 3 na ushei, na kutengeneza moja huchukua saa tano na nusu. Kwa miaka mingi kazi hiyo imefanywa na kampuni ya R.S. Owens ya Chicago, na mafundi wake huishika kwa glovu nyeupe kwa sababu alama ya kidole hubaki juu ya dhahabu.

Umbo lilibuniwa na Louis McManus, mhandisi wa televisheni, akimtumia mkewe Dorothy kama kielelezo. Mabawa yanasimamia sanaa, atomu aliyoinyanyua inasimamia sayansi. Michoro 47 ilikataliwa kabla ya huo. Hafla ya kwanza ilifanyika tarehe 25 Januari 1949 kwenye ukumbi wa Hollywood Athletic Club, tiketi dola 5, na ni vipindi vya Los Angeles tu vilivyoshindanishwa. Tuzo ya mtu mashuhuri wa televisheni ilikwenda kwa Shirley Dinsdale, msichana aliyezungumza kupitia mwanasesere wake Judy Splinters.

Kuhusu kuuza: hapana. Sanamu inabaki mali ya Akademi, na mshindi au warithi wake hukaa nayo tu. Sanamu anayonyanyua mshindi jukwaani haina jina. Washindi wanajulikana bahasha zikifunguliwa, hivyo kibao cha jina hufungwa baadaye, kwenye sherehe inayofuata hafla, mshindi akisubiri.

Kituo chetu kimetengeneza tamthilia ya Kiswahili. Tunaweza kushindana?
*Mtayarishaji*

Ndugu, mnaweza, ila gongeni mlango sahihi. Emmy zinasimamiwa na vyombo vitatu. Akademi ya Los Angeles ina zile kuu. Akademi ya Kitaifa ina za habari, michezo, vipindi vya mchana na za majimbo. Akademi ya Kimataifa, yenye makao New York, ndiyo yenye Emmy za Kimataifa, zinazotolewa kila Novemba kwa kazi zilizotengenezwa na kurushwa kwanza nje ya Marekani. Mlango wenu ni huo wa tatu. Lugha si kikwazo: Thuso Mbedu wa Afrika Kusini aliteuliwa kuwa mwigizaji bora wa kike mwaka 2017 na tena 2018 kwa tamthilia ya Is'thunzi, ambayo haikuigizwa kwa Kiingereza.

Mlango wa Los Angeles hufunguka kwa kazi ya nje pale tu inapotengenezwa kwa ubia na Wamarekani, ubia wa fedha na wa ubunifu pia, uliofungwa kabla ya kamera kuwashwa. Squid Game ilipitia hapo kwa kuwa Netflix ndiyo iliyoiagiza. Mwaka 2022 ikawa drama ya kwanza isiyo ya Kiingereza kuteuliwa kuwania drama bora, ikateuliwa mara 14 na kushinda mara 6. Kazi moja haiwezi kuingia milango yote miwili. Mkishachagua, mmechagua.

Sasa kazi yenyewe. Majaji wa Emmy za Kimataifa wanatoka nchi nyingi na wataisoma tamthilia yenu kwa manukuu ya Kiingereza, kwa hiyo manukuu ni sehemu ya kazi ya sanaa, si kitu cha kufanywa usiku wa mwisho. Mistari isizidi miwili kwa wakati mmoja, na kila mstari ukae muda wa kutosha kusomeka. Mfasiri apewe mswada pamoja na picha. Akipewa mswada peke yake atafasiri neno ambalo mwigizaji alilibadilisha siku ya kurekodi. Methali na utani wa ukoo vitafsiriwe kwa maana, la sivyo jaji atabaki anakisia. Kisha mkalishe mtu asiyejua Kiswahili atazame mwanzo mwisho, naye aseme ni wapi alipotea.

Yanayoharibu maombi mazuri tunayajua. Nakala iliyochukuliwa kwenye mitambo ya kurushia, yenye nembo ya kituo kwenye kona na nafasi nyeusi za matangazo. Manukuu yanayochelewa kidogo mwanzoni na yanayoachana kabisa na picha kufika mwisho, kwa sababu faili la picha lilibadilishwa kasi ya fremu baada ya manukuu kutengenezwa. Muziki uliochukuliwa bila mkataba. Tengenezeni nakala safi mapema, wakati mafaili ya uhariri bado yako kwenye diski, na mikataba ya muziki muitunze pamoja nayo. Tarehe za kufunga hutangazwa kila mwaka na Akademi yenyewe. Zifuateni hapo, msitegemee za mwaka jana.

Mkiombwa kuchagua sehemu, msipeleke ya mwisho kwa kuwa ina machozi. Jaji hajawahi kukutana na wahusika wenu.

Kwa nini washindi hukatizwa na muziki? Na mbona viti havibaki wazi hata watu wakitoka?
*Msomaji wa siku nyingi*

Hotuba ina sekunde 45, na saa inayohesabu kurudi nyuma iko mbele ya mshindi. Kwa mwendo wa kawaida wa kuzungumza, hayo ni maneno takribani 100, na muda wa kutembea, kukumbatiana na kulia huliwa hapohapo. Hafla hurushwa moja kwa moja, na kila dakika inayozidi inatolewa mahali pengine: kwenye kipande cha mshereheshaji au kwenye hotuba ya mshindi wa mwisho. Mwaka 2025 mshereheshaji Nate Bargatze aliahidi dola 100,000 kwa shirika la watoto, akapunguza dola 1,000 kwa kila sekunde iliyozidi. Hesabu ilishuka chini ya sifuri. Mwishowe yeye na kituo cha CBS walitoa dola 350,000. Sisi hatukuipenda mbinu hiyo. Mtu aliyefanya kazi miaka 20 kufika pale hastahili kuhesabiwa fedha za watoto akiwa anamtaja mama yake.

Viti hujazwa na watu waliovaa rasmi, wanaosubiri pembeni ya ukumbi. Matangazo ya biashara yakianza, mtu akitoka, mmoja wao anaingizwa akae. Mwenye kiti akirudi, anaondoka. Kamera ikipita haioni pengo.

Hafla huanza saa ngapi kwa saa za Afrika Mashariki?
*Mkesha hoi*

Hafla za Septemba 2024 na 2025 zilianza Jumapili saa kumi na moja jioni ya Los Angeles, ambayo kwetu ni saa tisa usiku wa kuamkia Jumatatu. Ikiangukia miezi ya baridi, kama ile ya Januari 2024, ongeza saa moja, kwani Marekani hurudisha saa nyuma. Drama bora na vichekesho bora kwa kawaida huwekwa mwishoni, kwa hiyo anayezitaka hizo tu anaweza kuweka kengele ya saa kumi na moja alfajiri.